Michoro ya Miambani ya Kolo, Kondoa: Tathmini ya Ziara ya Siku Moja na Mwongoza Wageni

Mwamba wa kwanza tuliopelekwa pale Mungomi wa Kolo, kilima chenye michoro, niliutazama kwa dakika mbili nzima bila kuona kitu. Niliona jiwe la matale la rangi ya majivu, michirizi ya maji ya mvua, na madoa mekundu ambayo ningekuwa peke yangu ningeapa kuwa ni kutu. Mwongoza wageni wetu hakusema neno. Alitupanga mstari mmoja, watoto mbele, akatuomba tuvue miwani ya jua na tusubiri macho yazoee kivuli, kisha akauliza: "Mnaona watu wangapi hapo?" Binti yangu, aliye darasa la tano, akasema wawili. Mdogo wake akasema watatu. Baba mkwe wangu, mzee wa miaka sabini na ushee aliyezaliwa upande wa Haubi, akasogea hatua moja, akainamisha kichwa kidogo, akasema watano. Ndipo nami nikawaona: watu watano warefu, wembamba kama mianzi, wenye vichwa vikubwa, wamesimama wakiwa wameshikana.

Naanza na dakika hizo mbili kwa sababu tathmini hii, ijapokuwa ni ya ziara nzima kutoka Dodoma mjini, kwa sehemu kubwa ni tathmini ya kazi ya kijana yule. Nimefundisha somo la Historia katika shule ya sekondari kwa miaka kumi na minne, na kila mwaka nimeitaja Kondoa darasani pamoja na Olduvai, Isimila na Engaruka bila kuwa nimeikanyaga. Wanafunzi wanapouliza michoro hiyo inafananaje, nimekuwa nikiwaonyesha picha ndogo ya kitabuni, iliyofifia, na kuendelea na somo. Jambo hilo lilinikera kwa muda mrefu, hasa kwa kuwa tangu barabara ya lami ya kwenda Babati ikamilike hakuna tena kisingizio cha umbali. Kolo iko kiasi cha kilomita 180 tu kaskazini mwa Dodoma, na barabara inapita mlangoni.

Michoro ya Miambani ya Kondoa iliingizwa katika Orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 2006. Eneo lililotambuliwa lina ukubwa wa kilomita za mraba 2,336, kwenye miteremko inayopakana na Bonde la Ufa, na miamba yenye michoro ndani yake inazidi 150. Hakuna atakayeimaliza kwa siku moja, wala kwa wiki. Ziara ya kawaida ya mgeni ni ya kundi la Kolo, ambalo wataalamu wameligawa katika B1, B2 na B3. Tunasema mapango kwa mazoea, lakini asiyefika asitarajie shimo la kuingia na tochi. Ni miamba mikubwa iliyoinama kwa juu mithili ya upenu wa nyumba, na michoro iko kwenye ukuta wa ndani wa upenu huo, mahali ambapo mvua haifiki moja kwa moja na jua hufika kwa saa chache tu.

Kabla ya kusifu, nieleze kilichoharibika, kwa kuwa msomaji anayepanga safari atafaidika nacho. Nilipanga ziara kupitia wakala mmoja wa safari wa mjini Dodoma, ambaye sitamtaja. Tulikubaliana kwamba gari litakuwa refu, la kuhimili njia mbaya, kwamba tutaondoka saa kumi na moja alfajiri, na kwamba tutapewa mtu wa kutueleza michoro. Gari lilifika saa kumi na mbili na nusu, nalo lilikuwa dogo, la chini, linalofaa kwa safari za mjini. Mtu wa kutueleza michoro alikuwa dereva mwenyewe, mpole na mwendeshaji mzuri, lakini aliyekiri tulipofika Chemba kwamba hajawahi kupanda kilima hicho. Nilikabidhiwa pia kipeperushi cha kurasa nne, kilichoandikwa kwa Kiingereza kitupu, ambacho baba mkwe alikigeuzageuza, akaangalia picha ya tembo, akanirudishia bila kusema lolote. Kumkabidhi mzee wa Kirangi maelezo ya nchi yake kwa lugha asiyoisoma, tena akiwa mteja aliyelipiwa nauli kamili, ni jambo lililoniuma kuliko hata kuchelewa kwa gari.

Safari yenyewe ya barabarani haihitaji maneno mengi. Makutupora, Mayamaya, Chemba, kisha Kondoa mjini tulikosimama kunywa chai na supu ya mbuzi. Baada ya Kondoa nchi inabadilika, vilima vinakaribiana, na mito ya mchanga inaanza kuonekana kila baada ya daraja.

Kolo ni kijiji cha kando ya barabara, na hapo ndipo mgeni anapojiandikisha, kulipa kiingilio na kupata mwongozaji. Usijaribu kupita moja kwa moja kwenda kilimani, kwani hairuhusiwi kupanda bila mwongozaji, na hata ingeruhusiwa usingepata faida. Raia wa Tanzania hulipa kiwango cha chini kuliko mgeni wa nje, kwa hiyo chukua kitambulisho. Pana chumba cha maonyesho kidogo, ambacho ningeshauri msikipite haraka, kwa sababu mwongozaji wetu alitumia robo saa humo kutuwekea msingi ambao baadaye ulitusaidia sana mbele ya miamba.

Alianza kwa salamu. Alimwendea baba mkwe kwanza, akampa shikamoo, na mzee baada ya kuitikia marahaba akamuuliza yeye ni wa nyumba ya nani. Wakahamia Kirangi kwa dakika tatu hivi, wakapata babu fulani ambaye wote wawili walimjua, na kuanzia hapo ziara yetu ikawa na wasimulizi wawili. Naliandika hili kwa makusudi. Mwongozaji aliyezaliwa mahali hapo anajua namna ya kumheshimu mgeni mwenyeji, na mara tatu siku hiyo alisimama katikati ya maelezo yake akasema, "Mzee, hapa naomba utusaidie wewe."

Kutoka ofisini hadi chini ya kilima ni kiasi cha kilomita tisa za njia ya vumbi inayovuka mto wa mchanga. Gari la wakala, kama nilivyohofia, lilizama kwenye mchanga huo hadi nusu ya magurudumu. Vijana wawili waliokuwa wakichota maji kwenye visima vya mchangani walitusaidia kulitoa, tukaliacha kivulini, na mwongozaji akampigia simu mkazi mmoja mwenye pikapu aliyetufikisha tulikokusudia kwa malipo ya haki. Kutoka hapo ni kupanda kwa miguu. Mteremko ni mkali lakini si mrefu, kuna mawe ya kushikilia, na mzee wetu alipanda kwa kupumzika mara nne. Asiyeweza kabisa kupanda ngazi asijaribu, ila mtu wa afya ya kawaida, mwenye viatu vyenye soli ya kushika na lita mbili za maji, atafika.

Nirudi sasa kwa wale watu watano wa B1. Mchoro huo ndio maarufu kuliko yote ya Kolo, na namna mwongozaji alivyoueleza ndiyo sababu kuu ya mimi kuandika. Alitupa kwanza maelezo ya Mary Leakey, mtafiti aliyekaa Kondoa mwaka 1951 akinakili michoro hii kwa mkono, na ambaye kazi yake ilichapishwa kuwa kitabu mwaka 1983. Kwa mtazamo wake, mtu wa katikati ni mwanamke anayetekwa: wawili wa upande mmoja, ambao vichwa vyao vinaonekana kama vimevikwa vinyago, wanamvuta, na wawili wa upande wa pili wanamzuia asichukuliwe. Watoto walielewa mara moja, wakaanza kubishana ni nani atakayeshinda. Kisha akatuambia tusahau hadithi hiyo kwa muda, tutazame tena, na akatueleza ngoma ya simbo ya Wasandawe, ambayo wachezaji wake huingia katika hali ya kupandwa na kujiona wamekuwa simba, huku wenzao wakiwashika wasije wakaanguka au kujiumiza. Wapo wataalamu wanaosema kwamba mchoro ule ni wa jambo la namna hiyo, mtu aliyepandwa akiegemezwa na wenziwe, wala hakuna kutekana. Mwamba ni uleule, mistari ni ileile, lakini nilipotazama mara ya pili mikono iliyokuwa ikivuta ilionekana inategemeza.

Mke wangu akamuuliza yeye mwenyewe anaamini lipi. Alijibu kwamba yeye hulegea upande wa simbo, kwa sababu Wasandawe wapo hai, hawako mbali na hapa, na ni vyema kuwauliza walio jirani kabla ya kubuni. Akaongeza kwamba aliyechora hakuacha maneno, hivyo kila mmoja wetu anayo haki ya kutazama kwa makini lakini hana haki ya kusema ana hakika. Nimehudhuria semina nyingi za walimu ambazo hazikuwahi kulieleza suala la ushahidi wa kihistoria kwa usafi kiasi hicho.

Uangalifu huohuo aliutumia kwenye suala la umri, ambalo ndilo kila mgeni huliuliza. Hakututupia tarakimu kubwa ili tushangae. Alisema kwamba katika mwamba wa Kisese, ulio ndani ya eneo hilohilo la Kondoa, uliochimbwa mwaka 1956 na mwanaakiolojia Ray Inskeep, zilipatikana shanga za maganda ya mayai ya mbuni, na vipimo vya miaka ya karibuni vimeonyesha kuwa baadhi zina zaidi ya miaka 40,000. Watu, basi, walikuwa wakikaa chini ya miamba hii na kujipamba tangu zama hizo. Lakini shanga si michoro, alisisitiza, na umri wa rangi iliyo ukutani hauwezi kusomwa moja kwa moja kutoka kwenye shanga iliyo ardhini. Kinachokubalika bila ubishi ni kwamba utamaduni wa kuchora hapa umedumu kwa angalau miaka elfu mbili.

Tulichoweza kukisoma kwa macho yetu ni utaratibu wa nani alitangulia. Alichukua unyasi mkavu, akausogeza karibu na mwamba bila kugusa, na kwa ncha yake akafuata mgongo wa mnyama mwekundu hadi mahali ambapo mstari mweupe, mnene, uliochorwa kwa kidole, ulikuwa umepita juu yake. Kilicho juu kimekuja baadaye. Michoro myekundu, iliyochorwa kwa udongo wenye oksidi ya chuma, ndiyo ya zamani na ndiyo yenye mistari laini, nayo huhusishwa na wawindaji na wakusanyaji ambao ndugu zao wa leo hutafutwa miongoni mwa Wasandawe na Wahadzabe, watu wenye lugha za vidoko, yaani sauti za kugonga ulimi kinywani. Michoro myeupe ni ya baadaye, huhusishwa na wakulima wa Kibantu waliofika na majembe na mifugo yao, na mingi inapatikana upande wa Pahi. Binti yangu aliomba ule unyasi, akarudia zoezi lile mwenyewe kwenye kona nyingine ya mwamba, akapata mahali pengine wekundu ulipofunikwa. Mwongozaji akamsahihisha jambo moja tu: weupe aliouonyesha haukuwa rangi, ulikuwa mchirizi wa mkojo wa pimbi.

Kwenye B2 na B3 sitakaa sana. B2 ina wanyama wengi zaidi na watu wenye mitindo ya nywele ambayo mke wangu aliitazama kwa muda mrefu kuliko sisi wote. B3 ni ndogo na imefifia, na kama umechoka unaweza kuiacha bila majuto.

Jambo moja lilitokea B2 ambalo linastahili kuelezwa. Dereva wetu, aliyekuwa ameamua kupanda nasi, alifungua chupa ya maji na kusema kwa nia njema kabisa kwamba tukinyunyizia kidogo michoro itang'aa na picha zitatoka vizuri. Mwongozaji aliweka mkono mbele ya chupa. Hakumfokea. Alimweleza kwamba ndivyo watu walivyofanya kwa miaka mingi, wakiwemo wasomi wenye kamera nzuri, na kwamba maji hayo yanapokauka huacha chumvi inayofunika rangi, mpaka baada ya miaka michoro inaonekana kama imetazamwa kupitia kioo chenye vumbi. Akatuonyesha sehemu ambayo utando wa namna hiyo unaonekana. Dereva alifunga chupa yake na kuomba radhi, na alikuwa wa mwisho kuondoka pale.

Kuna mahali kilimani ambapo tuliombwa kupunguza sauti. Mungomi wa Kolo si makumbusho tu. Ni mahali pa matambiko, na wenyeji bado huenda kuomba mvua na uponyaji, na katika baadhi ya ibada hizo pombe ya kienyeji hurushwa ukutani. Wahifadhi wana wasiwasi, kwa kuwa pombe ni kimiminika kama maji na inaathiri rangi. Mwongozaji alitueleza pande zote mbili bila kumdhihaki yeyote. Kwa maoni yangu, anayetaka kuyahifadhi mawe kwa kuwafukuza wanaoyaheshimu atakuwa amekosea njia, maana michoro hii haikulindwa na uzio kwa karne zote hizo. Ililindwa na hofu na adabu za watu wa hapa, na njia ya kupatanisha ibada na uhifadhi ni lazima itafutwe kwa kukaa na wazee, tena haraka. Baba mkwe alisikiliza yote haya akiwa ameketi juu ya jiwe, na tulipoinuka alivua kofia yake kabla ya kupita.

Kinachoumiza macho ni mashimo. Wakati wa Vita ya Kwanza ya Dunia, mwaka 1916, Kondoa Irangi ilikuwa uwanja wa mapigano makali kati ya Wajerumani na majeshi ya upande wa Waingereza yaliyotoka Afrika Kusini, na tangu hapo imebaki imani kwamba Wajerumani waliokuwa wakirudi nyuma walifukia dhahabu kwenye miamba. Kwa sababu ya imani hiyo watu wamechimba hadi kwenye sakafu iliyo chini ya michoro, wakitupa nje udongo ambao ndani yake ndimo mlimo na vipande vya mawe ya zana, mifupa na shanga. Mwongozaji aliokota kipande cha jiwe la kwatzi chenye makali kutoka kwenye lundo la udongo uliotupwa, akatuonyesha ubavu uliochongwa na mtu, kisha akakirudisha palepale alipokitoa.

Tulipumzika kwenye ukingo wa mwamba unaotazama bonde, na hapo msimulizi akawa mzee. Alinyoosha fimbo kuelekea vilima vya mbele, ambavyo leo vimefunikwa na vichaka na miti, akasema kwamba alipokuwa kijana vilikuwa vyekundu tupu, vimechanwa na makorongo. Mradi wa Hifadhi Ardhi Dodoma ulianza mwaka 1973, na mwaka 1979 ikaja amri ya kuhamisha mifugo yote kutoka kwenye eneo lililoliwa na mmomonyoko. Alikuwa na ng'ombe kumi na mmoja. Aliwapeleka kwa jamaa wa nje ya eneo, na wengi hakuwaona tena. Alisimulia bila uchungu, akionyesha kwa kidole ni korongo gani lilikuwa wapi, na mwongozaji akatoa daftari mfukoni akaandika. Mimi niliyelipa kiingilio kwa ajili ya michoro niliona kwamba nimepewa historia ya ardhi yenyewe, na kwamba kijana yule hakuona aibu kujifunza mbele ya wateja wake.

Kwa kipimo changu, huduma ya mwongozaji wa Kolo inastahili alama za juu kabisa: Kiswahili chake ni safi, anajua kutofautisha kinachojulikana na kinachokisiwa, anawapa watoto kazi ya kufanya, na hana haraka. Tulikaa kilimani saa tatu na nusu na hakuna wakati alipotazama saa yake. Mpeni bahasha mwishoni, kwa mikono miwili, kwa kuwa ameifanyia kazi. Huduma ya wakala wa mjini siwezi kuipendekeza hata kidogo. Mwenye gari refu aende mwenyewe. Asiye nalo apande basi la Babati mpaka Kolo na kukodi usafiri palepale kijijini, ambako fedha yake itabaki kwa wanaoishi na michoro hiyo. Aondoke mapema ili awe mbele ya B1 kabla ya saa tano, aepuke miezi ya masika kwa sababu mto hauvukiki, na abebe chakula, kwani kilimani hakuna kinachouzwa.

Pahi hatukufika, wala Fenga, sehemu nyingine za Kondoa zenye michoro. Mwongozaji alituambia kwamba kila moja inataka siku yake, hivyo tumepanga naye turudi mwezi wa saba shule zikifungwa. Safari hiyo nitakwenda pia na wanafunzi kumi na wanane wa kidato cha tatu, na baba mkwe ameshasema kwamba nafasi yake kwenye basi asipewe mtu mwingine.